Somo: Asteroidi hugunduliwa vipi, na kwa nini asilimia ya hatari hupanda kabla ya kushuka

Assalamu alaykum wana-kundi. Kila ikitangazwa asteroidi mpya, yaani jiwe la angani linalozunguka Jua, simu hujaa sauti za watu wakiombana radhi. Leo tufuate hatua zenyewe.

Hatua ya 1: Picha. Mfumo wa kusaka asteroidi uitwao ATLAS, wenye darubini Hawaii, Chile na Afrika Kusini, hupiga kipande kilekile cha mbingu mara nne ndani ya saa moja hivi. Ukisimama ufukweni Mangapwani usiku ukatazama taa za wavuvi wa dagaa, hujui ipi inakwenda. Tazama tena baada ya robo saa, utaijua. Nyota zimetulia, kitone kinahama. Kompyuta hukiona, mtu hukihakiki.

Hatua ya 2: Taarifa. Mahali pa kitone hupimwa kwa nyota zilizo jirani, na vipimo hupelekwa Minor Planet Center, kituo kinachokusanya vipimo vya asteroidi, Marekani. Huko huingizwa kwenye orodha ya wazi, ili mwenye darubini popote akitafute usiku uleule. Haraka ina maana yake: tarehe 6 Oktoba 2008 jiwe la mita 4 hivi lilionekana kutoka Arizona, na kesho yake likapasuka juu ya jangwa la Sudan. Wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Khartoum walikwenda kuokota vipande mchangani.

Hatua ya 3: Njia. Vipimo vya usiku mmoja havitoshi. Huongezwa vya wiki nzima, picha za zamani ambamo jiwe lilikuwamo bila kutambuliwa, na rada likisogea karibu.

Hatua ya 4: Asilimia. Ni uwezekano wa jiwe kuigonga Dunia, na hapa ndipo watu hupotea. Mwanzoni njia haijulikani sawasawa, kwa hiyo mahali jiwe linapoweza kupita ni eneo pana mno, na Dunia ni nukta ndani yake. Vipimo vikiongezeka eneo husinyaa. Dunia ikiwa bado imo, sehemu yake inakua, asilimia inapanda, ilhali jiwe halijageuza njia hata kidogo. Siku eneo likisinyaa hadi Dunia ikabaki nje, asilimia huporomoka. Ndivyo ilivyokuwa kwa asteroidi iitwayo 2024 YR4: ilionekana Desemba 2024, Februari 2025 ikafika asilimia 3.1, na siku chache baadaye Dunia ikawa salama. Waliosambaza ile 3.1 hawakurudi kusambaza habari ya pili!

MASWALI

Makame, Mkoani: Mwalimu, mbona lile la Urusi halikuonekana?
Jibu: Lile lililopasuka juu ya mji wa Chelyabinsk, 15 Februari 2013? Lilitokea upande wa Jua, na darubini za ardhini haziwezi kutazama huko. Lilikuwa na mita 20 hivi. Wengi walioumia walikatwa na vioo vya madirisha vilivyovunjwa na mshindo.

Asya, Wete: Mie sina darubini. Naweza kushiriki?
Jibu: Naam, dada. Mradi wa kimataifa wa kusaka asteroidi, IASC, huwapa wanafunzi picha halisi za darubini, wakazichambua kwa programu ya Astrometrica. Kompyuta na intaneti tu.

Bi Zuhura, Makunduchi: Na hiyo asteroidi Apophis ya 2029, mwanangu?
Jibu: Haitatugonga, shikamoo. Rada ya 2021 imeondoa hofu hiyo kwa miaka 100 ijayo. Itapita Ijumaa usiku, 13 Aprili 2029, kilomita 32,000 hivi kutoka ardhini, karibu kuliko setilaiti inayolisha dishi lako. Afrika tutaiona kwa macho, ikienda magharibi. Mwezi hautakuwapo, lakini ni masika, kwa hiyo ombea mawingu yatawanyike. Anza kutazama mapema. Itakuwa karibu kabisa mnamo saa saba kasorobo usiku.