Somo: Namna ya Kumuumba Shujaa wa Katuni Mwenye Nguvu za Elementi (Tafadhali Soma Lote Kabla ya Kuuliza)

Kwa muda mrefu nimekuwa nikijibu swali moja kwa watu tofauti, na wengine nimewajibu mara mbili: "Nataka kuchora shujaa ambaye nguvu zake zinatokana na elementi za kikemia, nianzie wapi?" Naandika jibu mara moja, ili kuanzia leo anayeuliza aelekezwe hapa. Hatua zilizo wazi nimezipitia kwa haraka. Ile iliyowahi kunitia aibu nimeieleza kwa kirefu.

Hatua ya 1. Chagua elementi kutoka kwenye jedwali la elementi, ambalo lina elementi 118. Moto, maji, upepo na udongo hazimo.

Hatua ya 2. Amua shujaa wako ana uhusiano gani na elementi hiyo. Anaweza kuwa elementi yenyewe, kama kundi la Metal Men lililobuniwa na Robert Kanigher na mchoraji Ross Andru mwaka 1962, ambamo roboti sita zimeundwa kwa dhahabu, chuma, risasi, zebaki, bati na platini. Anaweza kuwa binadamu anayejigeuza, kama Metamorpho wa Bob Haney na Ramona Fradon, ambaye kwa kanuni ya awali hujigeuza kuwa elementi zinazopatikana katika mwili wa binadamu. Au anaweza kubaki alivyo na kugeuza vitu vingine, kama Element Lad aliyetokea mwaka 1963. Usichanganye aina hizi katika hadithi yako ya kwanza.

Hatua ya 3. Tabia ya mhusika itoke kwenye tabia ya elementi. Hapa ndipo Metal Men walipofanikiwa: Dhahabu, inayofulika na kuvutika kuliko metali nyingine, ni kiongozi anayejinyoosha kuwa uzi mwembamba (gramu moja ya dhahabu halisi huweza kuvutwa kuwa waya wa zaidi ya kilomita mbili); Zebaki ana hasira za haraka na hachoki kujisifu kwamba ndiye metali pekee iliyo kimiminika katika joto la kawaida; Bati ni mnyonge, mwoga na mwenye kigugumizi; Risasi ni mzito wa mwili na wa akili, lakini huwakinga wenzake dhidi ya mionzi. Lugha yetu inatuzawadia hapa jambo ambalo waandishi wa Marekani hawakuwa nalo, yaani Risasi anayezuia risasi. Bati ninalolitaja ni metali yenyewe, wala si mabati ya kuezekea, ambayo ni chuma kilichopakwa zinki.

Hatua ya 4. Amua kanuni ya uzito, uiandike, na usiivunje. Katika hadithi yangu ya kwanza nilimchora kijana mvuvi anayejigeuza kuwa dhahabu akiwa amesimama ndani ya ngalawa, akimpiga adui kwa ngumi moja, na ngalawa ikiwa imetulia juu ya maji kama vile hakuna kilichotokea. Nakala zilikuwa zimekwisha kuchapwa mpwa wangu wa kidato cha pili aliponirudishia yake, pembeni mwa ukurasa akiwa ameandika kwa penseli: 70 × 19.3 = 1,351, na chini yake, "Mjomba, ngalawa imezama." Alikuwa sahihi. Mwili wa mtu wa kilo 70 una ujazo unaokaribia lita 70, na lita moja ya dhahabu ina uzito wa kilo 19.3, kwa hiyo shujaa akibaki na umbo lile lile anakuwa na zaidi ya tani moja na robo. Ukisema kwamba uzito ndio unaobaki kilo 70, basi umbo ndilo linalopungua hadi lita 3.6, na shujaa wako mzima anaingia ndani ya dumu la lita tano na nafasi inabaki. Kwa gesi mambo hugeuka: kilo 70 za hidrojeni katika hali ya kawaida hujaza zaidi ya mita za ujazo 800, ambazo ni ukumbi wa harusi. Onyo la kwanza: kanuni zote mbili zinafaa, lakini huwezi kutumia moja katika ukurasa wa tano na nyingine katika ukurasa wa tisa. Onyo la pili: ukichagua kanuni ya umbo lile lile, angalia kila mara shujaa amesimama juu ya nini. Onyo la tatu: platini ni nzito kuliko dhahabu, hivyo usidhani kwamba umeokoka kwa kubadilisha metali.

Hatua ya 5. Mwekee mpaka. Firestorm, aliyeanza mwaka 1978, hupanga upya atomi za vitu, lakini mata ya viumbe hai imo nje ya uwezo wake. Bila kizuizi hicho angemgeuza adui kuwa jiwe katika ukurasa wa kwanza na hadithi ingekwisha.

Hatua ya 6. Chora.

MASWALI YA WANACHAMA

Swali: Mkuu, somo zuri sana. Mimi nina mashujaa wanne, wa moto, maji, upepo na udongo. Nguvu zao za kikemia ziweje?

Jibu: Hatua ya 1, sentensi ya pili.

Swali: Naomba kujua adamantium na kryptonite ni namba ngapi kwenye jedwali.

Jibu: Hazimo, kwa sababu ni vitu vya kubuni: adamantium ni metali ya katuni isiyovunjika, na kryptonite ni jiwe la katuni linalomdhuru Superman. Kriptoni imo, ni namba 36, nayo ni gesi isiyo na rangi iliyogunduliwa London mwaka 1898, miaka 40 kabla ya Superman kutokea. Haimdhuru mtu yeyote wa kutoka sayari yoyote.

Swali: Kwa heshima zote, hizi ni katuni. Nani atakaa apime uzito wa mtu wa dhahabu?

Jibu: Mtoto wa kidato cha pili mwenye penseli. Sijasema kwamba hadithi iwe somo la fizikia, na huyo Metamorpho ninayemsifu alipata nguvu zake ndani ya piramidi la Misri, jambo ambalo halina kemia yoyote. Msomaji hukubali uongo mmoja mkubwa mwanzoni. Anachokataa ni kudanganywa tena katika mambo madogo anayoyajua.

Swali: Shikamoo mwalimu. Mimi natokea Geita, na nimekua nikiona wachimbaji wadogo wakitumia zebaki kukamata dhahabu kwenye mchanga uliosagwa kwenye karasha. Sasa najiuliza, katika kundi hilo la roboti, Zebaki akimshika Dhahabu mkono, si watagandamana?

Jibu: Marahaba, mwanangu. Watagandamana kweli, na sidhani kama angeliuliza hili mtu ambaye hajaona kwa macho yake. Zebaki huingia ndani ya dhahabu na kufanya uji mzito wa rangi ya fedha. Huingia pia ndani ya bati na risasi, huku platini ikiikubali kwa shida. Chuma hakishikwi, ndiyo maana zebaki ilisafirishwa kwa miaka mingi katika chupa za chuma. Maana yake ni kwamba katika kundi zima ni Chuma peke yake anayeweza kumbeba Zebaki bila wasiwasi, na hapo tayari una urafiki wa wahusika wawili. Ukitaka kuwatenganisha Dhahabu na Zebaki utahitaji joto: zebaki huchemka kwa nyuzi 357, dhahabu haiyeyuki hadi nyuzi 1,064. Lakini chora chombo kilichofunikwa chenye bomba la kupozea, kwa sababu mvuke huo ni sumu na ukiachwa wazi Zebaki mwenyewe atakuwa ametawanyika hewani. Andika hadithi hiyo, nami nitakuwa msomaji wake wa kwanza.

Swali: Je, ni kweli kwamba zebaki ndiyo metali pekee ya kimiminika?

Jibu: Kwa nyuzi 25 ni kweli. Galiamu, hata hivyo, huyeyuka kwa nyuzi 29.8, na mchana wa Februari Dar es Salaam hupita hapo bila shida. Shujaa wa galiamu angekuwa mgumu ofisini penye kiyoyozi na kuyeyuka akifika kituo cha basi. Nyongeza kwa atakayemtumia: galiamu ikipenya ndani ya alumini huifanya imeguke kwa vidole, hivyo sufuria za jikoni zitamwogopa.

Swali: Nachora kwa rangi. Nitawatofautishaje mashujaa wa metali ambazo zote ni nyeupe?

Jibu: Tumia rangi za miali yake zinapochomwa: sodiamu ni njano, potasiamu ni zambarau hafifu, strontiamu ni nyekundu, na shaba ni kijani. Hapo hata kivuli cha shujaa kitajulikana.

Swali: Mkuu, shujaa wangu wa platini ana kilo 60, anaruka juu ya paa la makuti. Kuna tatizo?

Jibu: Hatua ya 4, onyo la pili na la tatu.