Namna ya Kubuni Chuo cha Uchawi wa Sauti: Anza na Ukumbi

Anayebuni chuo cha uchawi kwa ajili ya hadithi au mchezo wa kuigiza hukimbilia majoho, nembo na majina ya walimu. Kwa chuo cha sauti, hayo yasubiri. Sauti ni mtetemo, na chumba ndicho kinachoamua itafika wapi na itadumu muda gani. Ukishauelewa ukumbi, nusu ya mtaala imeshajiandika.

Kwanza andika kanuni ya uchawi, moja tu. Hii inatosha chuo kizima: kila kitu kina mlio wake wa asili, na anayeutoa mlio huo sawasawa anakitawala kitu hicho hadi sauti ififie chumbani. Sehemu ya kwanza si uchawi hata kidogo. Gonga bilauri, kengele au ubao, kila kimoja kitajibu kwa mtetemo wake. Uchawi umo kwenye kutawala peke yake. Ukirundika kanuni nyingine juu yake, msomaji ataacha kuogopa lolote, kwani anajua utazua ya kumwokoa mhusika.

Sasa piga hesabu ya muda. Mwishoni mwa karne ya 19, Wallace Sabine, mwalimu wa fizikia pale Harvard, alipata njia ya kukadiria sauti hubaki ukumbini kwa muda gani baada ya chanzo chake kunyamaza, yaani hadi ishuke kwa desibeli 60 (desibeli ni kipimo cha ukubwa wa sauti). Chukua ujazo wa chumba kwa mita za ujazo, zidisha kwa 0.161, kisha gawanya kwa jumla ya unyonyaji wa sauti wa kuta, sakafu, dari na vilivyomo, kwa mita za mraba, yaani ukubwa wa eneo ambalo lingemeza sauti yote inayolifikia. Tuseme ukumbi wako wa mawe una urefu wa mita 10, upana 8 na kimo 5. Ujazo ni 400. Mawe hunyonya kidogo sana, kwa hiyo weka jumla ya 20. Jibu ni sekunde 3.2: huo ndio muda wa mchawi kukamilisha kazi yake. Waingize wanafunzi 40 na waketi. Kila mtu hunyonya takriban nusu mita ya mraba, jumla inafika 40, na muda unashuka hadi sekunde 1.6. Hapo hadithi inaanza kujisuka: mtihani hufanyika ukumbi ukiwa mtupu, mazulia yamepigwa marufuku, na adui mwerevu huja na umati uliovaa nguo nzito.

Vyumba vingine vitokane na hesabu hiyohiyo. Chumba chenye kuta zinazomeza sauti karibu yote ni gereza kamili la mchawi, wala hakihitaji kufuli. Kuba la mviringo huupeleka mnong'ono ukiambaa ukutani hadi upande wa pili, kama ilivyo katika kanisa kuu la St Paul's, London; mwekee mkuu wa chuo kiti hapo. Ukitaka mwangwi unaosikika peke yake, ukuta uwe umbali wa mita 17 au zaidi, la sivyo sikio litauchanganya na sauti ya awali.

Somo la mwaka wa kwanza liwe la sahani, kwa sababu linafanyika kweli na msomaji anaweza kulijaribu. Ernst Chladni, mwanafizikia Mjerumani, alilieleza mwaka 1787. Sahani nyembamba ya shaba au chuma, mraba wa sentimita 20 hadi 30, hubanwa katikati tu. Juu yake hunyunyizwa mchanga laini, kiasi cha kuacha chuma kikionekana. Kisha upinde wa fidla hupitishwa ukingoni, wima, kwa mwendo ulio sawa. Mchanga huruka kutoka panapotetemeka na kukusanyika kwenye mistari iliyotulia. Kidole kikigusa ukingo mahali pengine, mchoro hubadilika. Mchanga wenye unyevu hushikana, sahani nene hukataa kulia, na upinde usiopakwa ulimbo huteleza tu. Mwanafunzi wako afeli kwa mojawapo ya sababu hizo, si kwa "kukosa kipaji".

Mwaka wa pili ni wa nyuzi, na hauhitaji kurasa nyingi: ukiufupisha uzi kwa nusu, mitetemo kwa sekunde huongezeka mara mbili; kwa kuukaza, itabidi mkazo uwe mara nne ili upate matokeo hayohayo. Mwaka wa tatu ni wa kulinganisha milio. Mlio wa mitetemo 440 kwa sekunde na mwingine wa 443 vikilia pamoja, sauti hupanda na kushuka mara tatu kila sekunde; hayo huitwa mapigo. Mapigo yakikoma, milio imelingana. Hicho ndicho kipimo cha usahihi ambacho kanuni yako inakidai, na mwalimu asiyeona anaweza kukisimamia bila taabu.

Makosa yanayorudi katika maandishi ya aina hii ni ya umbali na hali ya hewa. Sauti husafiri mita 343 kwa sekunde kwenye nyuzijoto 20, kwa hiyo anayelengwa kilomita moja mbele huona mkono wa mchawi ukinyanyuka karibu sekunde tatu kabla ya kusikia chochote. Umbali ukiongezeka mara mbili mahali pa wazi, sauti hupungua kwa desibeli 6. Usiku wa baridi kali mlio wa filimbi hushuka, na mchawi aliyefanya mazoezi ukumbini kwenye joto atakikosa kitu chake kwa tofauti ndogo tu. Waandishi pia husahau ulinzi ulio rahisi kuliko wote: bilauri inayolia hunyamaza ikiguswa kwa kidole. Amua mapema ni nani chuoni anayelijua hilo, na ni mwaka gani wengine wanaambiwa.