Jinsi ya Kuchagua Mahali pa Harusi ya Wikiendi Mlimani

Ninaratibu harusi upande wa Mbale na Kapchorwa, mashariki mwa Uganda, na maharusi wengi wanaonijia kutoka Kampala wanataka kitu kimoja: wikiendi nzima mlimani, nyumba za mbao, nyasi, maporomoko ya maji nyuma yao wakipigwa picha. Ni ombi zuri na milima yetu inalistahili. Ila mahali pa namna hiyo hapachaguliwi kwa picha za simu. Panachaguliwa kwa magoti ya bibi na kwa mvua ya saa tisa alasiri. Fuata mpangilio huu, usiruke hatua.

Hatua ya 1: Andika wageni kabla ya kutaja mlima

Jumla peke yake haitoshi. Tenga wazee, wajawazito, wenye watoto wachanga, na wanaotoka Kenya. Kisha kaeni na kamati ya harusi mseme ukweli mapema. Mikutano ya harusi huongeza watu kila wiki, maana kila aliyechanga anatarajia kadi, na ni haki yake. Bustani ya mlimani haiongezeki. Ushauri wangu: umati wote ualikwe kwenye kwanjula, sherehe ya utambulisho nyumbani kwa wazazi wa binti, au kwenye sherehe ya shukrani mjini, na mlimani waende wale ambao maharusi wanataka kuamka nao Jumapili asubuhi. Wakizidi 150, mimi huwashauri maharusi watafute ukumbi wa mjini.

Hatua ya 2: Chagua mlima kwa barabara

Sipi, kwenye miteremko ya Mlima Elgon, iko kilomita zipatazo 270 kutoka Kampala kupitia Jinja, Tirinyi na Mbale, lami hadi mwisho. Kuna maporomoko matatu, na lile kubwa la chini linaanguka karibu mita 100. Jamaa wa Kitale, Kenya, nao wanaweza kuingilia mpaka wa Suam. Ziwa Bunyonyi ni pazuri mno, lakini Kabale, mji ulio karibu nalo, iko zaidi ya kilomita 400 kutoka Kampala, na ukichagua kisiwa, kila mgeni, kila sufuria na keki yenyewe vitapanda boti. Fort Portal ni kama kilomita 300. Usimwahidi mtu kuona theluji ya milima ya Rwenzori iliyo jirani, kwa kuwa mawingu huificha siku nyingi.

Ikiwa wageni wengi ni wa Kampala na mashariki, nenda Sipi. Bunyonyi nawaachia wenye ukoo Kigezi, eneo la Kabale, au Ankole jirani.

Hatua ya 3: Tarehe

Upande wa Elgon, kipindi cha kuaminika ni katikati ya Desemba hadi Februari. Kigezi ina ukavu mwingine Juni na Julai. Usishawishiwe na bei nafuu ya Aprili au Novemba. Novemba 2024 maporomoko ya udongo yalifukia makazi ya watu Bulambuli, wilaya ambayo barabara ya Sipi inapitia. Mlima huu tunaupenda, na tunauheshimu.

Angalia pia mwaka. Miaka ya shufwa, kama 2026, ni ya imbalu, tohara ya Wagisu inayofunguliwa Mutoto, karibu na Mbale, mwezi wa Agosti. Ngoma hujaa barabarani, na msafara wa bibi harusi utasubiri zipite.

Hatua ya 4: Tembelea Jumamosi alasiri, ikiwezekana baada ya mvua

Hapa ndipo penye kazi yenyewe. Asubuhi kila bustani ya mlimani ni nzuri. Mwenye eneo atakualika saa nne, jua likiwaka. Mwombe akupokee saa tisa.

Nenda na mtu mzima wa familia, shangazi au mjomba mwenye umri, mtembee naye kutoka maegesho hadi mahali pa kukaa. Mwangalie usoni, usimwulize tu, maana wazee wetu watasema "hakuna shida" huku wanahema. Fikiria njia hiyo kwa gomesi, vazi la heshima la akina mama wa Uganda: linafika chini, na kwenye ngazi za udongo uliolowa mama atalishika kwa mikono miwili, asibaki na mkono wa kujishikilia. Pasipo na ngazi za mawe na reli, omba ziwekwe au ondoka.

Simama panapopangwa hema. Je, pako tambarare kweli, au viti vya nyuma vitainama? Tazama juu yako: kuna mteremko mtupu uliokatwa miti? Basi usilaze watu chini yake. Tazama chini: ukingo wa maporomoko una uzio unaoweza kumzuia mtoto wa miaka mitatu? Kosta yenye abiria inaweza kugeuza bila kurudi kinyumenyume hadi barabara kuu? Na ukungu ukishuka saa kumi, kuna paa la kudumu la kuwahifadhi wageni wote? Hema si paa. Mimi hupanga viapo kabla ya adhuhuri kwa sababu hiyo.

Hatua ya 5: Hesabu vitanda, kisha blanketi

Nyumba za wageni za Sipi ni ndogo, kwa hiyo utagawa watu katika tatu au nne, na wengine Kapchorwa mjini. Wazee walale palepale penye sherehe. Ukilinganisha na Kampala, usiku wa Sipi una baridi ya kutosha, na wa Kabale zaidi. Omba blanketi la pili kwa kila kitanda, liandikwe.

Hatua ya 6: Jiko na umeme

Kwenye mwinuko wa mita 1,800 maji huchemka kwenye nyuzi kama 94, kwa hiyo maharage yanachelewa kuiva. Mpishi wa Kampala asiyejua hili atachelewesha chakula. Yalowekwe usiku kucha, moto uwashwe mapema. Na mwombe mpishi wa pale malewa, machipukizi ya mianzi yaliyopikwa kwa karanga. Wageni watayakumbuka kuliko pilau.

Jenereta ijaribiwe ukiwepo, spika, taa na friji vikiwashwa pamoja.

Hatua ya 7: Sheria, kisha pesa

Ndoa ya kanisani kwa sheria ya Uganda hufungwa katika nyumba ya ibada yenye leseni, na tangazo hutolewa siku 21 kabla. Tafuteni basi kanisa lililo karibu na bustani kabla ya kulipia bustani. Kwa Waislamu ni rahisi zaidi: nikahi msikitini Mbale asubuhi, walima mlimani.

Malipo ya awali yatolewe baada ya mkataba kuandikwa, si kwa ahadi ya simu. Mkataba utaje idadi ya vitanda, saa ya kuzima muziki, nani ananunua mafuta ya jenereta, na nini kinarudishwa iwapo mvua itafunga barabara. Weka nakala moja kwa mweka hazina wa kamati, nyingine kwa mtu atakayelala mlimani kuanzia Ijumaa asubuhi.