Demis Roussos: namna ya kumsikiliza kwa mpangilio

Watu wengi wanamjua Demis Roussos, mwimbaji wa Kigiriki, kwa lile kaftani, ndevu na mwili mkubwa, wanapiga wimbo wake mmoja wa mapenzi halafu wanaishia hapo. Mimi naona huko ni kumpunja. Yule jamaa alikuwa mpiga besi wa bendi ya rock kabla hajawa staa wa nyimbo za taratibu, na ukimfuata kuanzia huko ndio unaelewa ile sauti imetoka wapi.

Alikotoka pia kunasaidia masikio. Kazaliwa Alexandria, Misri, tarehe 15 Juni 1946, wazazi Wagiriki. Utotoni aliimba kwaya ya kanisa la Kigiriki hukohuko, na mtaani ni muziki wa Kiarabu kila siku, vyote viwili vikamkaa kooni. Baada ya mgogoro wa Suez, ile vita ya 1956 ya kugombea mfereji wa Misri, familia ikapoteza mali zake, ikahamia Ugiriki, na Demis akaanza kupiga na bendi za vijana Athens.

Sasa anza na Aphrodite's Child, ndiyo ile bendi yake ya rock, na hapa usiwe na haraka hata kidogo. Kwenye kinanda yupo Vangelis, huyuhuyu aliyekuja kuchukua Oscar kwa muziki wa filamu ya Chariots of Fire, dramu ni Loukas Sideras, besi na sauti ni Demis. Walikuwa wanaelekea London wakakwama Paris, mwaka 1968, mji umejaa maandamano na migomo, na ndo hapo wakarekodi Rain and Tears. Huu usikilize mara mbili, tena kwa hedifoni kama unazo. Mara ya kwanza fuata besi peke yake, utaisikia inashuka hatua kwa hatua halafu inarudi ilikoanzia, kwa sababu wimbo umejengwa juu ya Canon ya Pachelbel, mtunzi wa Kijerumani wa karne ya 17. Mara ya pili achana na besi ufuate sauti: anapanda juu kabisa, nyembamba, na mwisho wa mstari anaiacha itetemeke kidogo kabla haijakatika. Ule mtetemo ukishaushika hutampoteza tena popote atakapoimba. Ukitoka hapo weka It's Five O'Clock, ni mtetemo uleule ila huzuni imezidi.

Halafu ingia 666, albamu ya santuri mbili ya mwaka 1972 inayotokana na kitabu cha Ufunuo, maneno kaandika Costas Ferris. Usiiweke yote kwa mkupuo, utachoka. Anza na The Four Horsemen, beti zinakuja kwa upole kama mtu anasimulia kisha kiitikio kinalipuka na dramu juu, na kwa maoni yangu hapo ndipo Demis alipoimba vizuri kuliko sehemu yoyote. Kuna kipande cha mwigizaji Irene Papas ambacho ni mihemo na kelele tu, hicho kiruke kama una watoto karibu. Albamu inatoka bendi ilikuwa imeshavunjika.

Kipindi cha peke yake ndicho rahisi zaidi. Onja kidogo On the Greek Side of My Mind ya 1971, kisha nenda moja kwa moja kwenye Forever and Ever ya 1973, na Goodbye My Love Goodbye. Nyingi ya nyimbo hizi muziki ni wa Stelios Vlavianos na maneno ni ya Alec Costandinos, kwa hiyo kazi ya Demis hapa isikilize kwenye uimbaji wenyewe. Mwaka 1976 rekodi yake ya nyimbo nne, The Roussos Phenomenon, ilifika namba moja Uingereza, ya kwanza ya aina hiyo kuongoza chati ya singo kule.

Ila angalia sana unachopiga: miaka ya baadaye alirekodi upya nyimbo zake za zamani na matoleo hayo yamejaa kwenye makusanyo, ukisikia vinanda vya kielektroniki na dramu za mashine ujue sio ya miaka ya 70, tafuta albamu ya asili.

Miaka ya 80 pita haraka. Juni 1985 alikuwa kwenye ndege ya shirika la Marekani la TWA, safari namba 847, iliyotekwa, akaachiwa Beirut baada ya siku chache, na 1987 akarudi na Quand je t'aime, wa Kifaransa, huo usiukose. Alifariki Athens tarehe 25 Januari 2015.

Wa mwisho kuweka ni Tales of the Future, kutoka muziki wa filamu ya Blade Runner, yupo tena na Vangelis, na safari hii anaimba kwa mtindo wa Kiarabu kabisa. Ongeza sauti kidogo, maana inaanzia mbali.