Jinsi ya Kucheza Grand Theft Auto kwa Kufuata Miaka ya Hadithi Yake

Katika vibanda vingi vya gemu vya Dar es Salaam, kuanzia Manzese hadi Mbagala, San Andreas, mojawapo ya gemu za Grand Theft Auto (GTA), imechezwa kwa miaka mingi na watu ambao hawajawahi kuimaliza. Mchezaji hulipia muda wake, huingiza misimbo ya kujipatia silaha na fedha, huzunguka mjini akifukuzwa na polisi mpaka muda unapokwisha, kisha padi huchukuliwa na anayesubiri zamu. Starehe hiyo haina ubaya wowote, lakini inaifunika hadithi ndefu iliyopangwa kwa uangalifu mkubwa, ambayo wahusika wake hupanda vyeo, husalitiana, huzeeka na kufa kutoka gemu moja hadi nyingine. Mwongozo huu ni wa mtu anayetaka kuifuata hadithi hiyo kwa mpangilio wa miaka inamotokea, wala si kwa mpangilio wa miaka ambayo gemu zilitolewa. Msomaji atambue mapema kwamba siri kadhaa za hadithi zitatajwa, na kwamba gemu hizi zilitengenezwa kwa ajili ya watu waliotimiza miaka 18, jambo ambalo wenye vibanda wanapaswa kulizingatia kuliko wanavyolizingatia sasa.

Hatua ya kwanza, ambayo bila hiyo kila kitu huvurugika, ni kuzitenga gemu hizi katika dunia tatu. Dunia ya kwanza ni ya gemu zinazotazamwa kutoka juu, zilizoanza mwaka 1997 chini ya kampuni ya DMA Design ya Dundee, Scotland, ambayo baadaye ilikuja kuitwa Rockstar North. Dunia ya pili ilianza na Grand Theft Auto III mwaka 2001 na kufungwa na Vice City Stories mwaka 2006. Dunia ya tatu ilianza na Grand Theft Auto IV mwaka 2008 na ndiyo inayoendelea hadi leo. Majina ya miji hujirudia katika dunia hizo, ila miji yenyewe si ileile. Liberty City ya Claude, mhusika mkuu wa Grand Theft Auto III, na Liberty City ya Niko Bellic, mhusika mkuu wa Grand Theft Auto IV, zote zimechorwa kwa kuiga New York, lakini mitaa yake ni tofauti na watu wake hawajuani. Rockstar wenyewe wamewahi kueleza kwamba wahusika hawavuki kutoka dunia moja kwenda nyingine, na kwamba vinavyovuka ni vitu kama majina ya bidhaa za kubuni na vituo vya redio. Kwa hiyo anayemtafuta CJ mzee, yaani Carl Johnson wa San Andreas, katika mitaa ya Los Santos ya mwaka 2013 anatafuta mtu ambaye katika dunia hiyo hakuwahi kuzaliwa.

Dunia ya kwanza haitakuchukua muda mrefu. Ukitaka kuwa mkamilifu, anza na London 1961, uende London 1969, kisha gemu ya kwanza kabisa yenye miji mitatu ya Liberty City, San Andreas na Vice City, na umalizie na GTA 2, inayotokea katika mji wa kubuni wenye sura ya siku zijazo. Hakuna uzi wa hadithi unaoziunganisha kwa nguvu, na kwa maoni yangu mtu anaweza kuziruka zote bila kupungukiwa chochote katika yale yanayofuata.

Utamu uko katika dunia ya pili, na hapo ndipo mpangilio wa miaka hulipa. Gemu iliyotoka mwisho ndiyo ya kwanza katika hadithi, na iliyotoka kwanza ndiyo ya mwisho. Anza na Vice City Stories, ambayo ni mwaka 1984, uendelee na Vice City ya mwaka 1986, kisha San Andreas ya mwaka 1992, Liberty City Stories ya mwaka 1998, Grand Theft Auto Advance ya mwaka 2000, na umalize na Grand Theft Auto III ya mwaka 2001.

Sababu ya kuanza na mwaka 1984 inaonekana ndani ya dakika chache za Vice City. Gemu hiyo inapofunguka, biashara ya dawa za kulevya inaingiliwa kwa risasi, muuzaji wa dawa hizo anauawa, naye Tommy Vercetti, mhusika mkuu, anaponea chupuchupu baada ya kupoteza fedha na mzigo wa bosi wake, Sonny Forelli. Aliyeanza na Vice City humwona marehemu huyo kama mpita njia tu. Aliyetoka kumaliza Vice City Stories anajua kwamba ni Victor Vance, askari aliyefukuzwa jeshini kwa sababu ya maovu ya mkuu wake Jerry Martinez, mtu aliyeingia kwenye uhalifu akitafuta fedha za kumtibu mdogo wake mgonjwa, na ambaye mchezaji amekaa naye saa nyingi akitamani aachane na biashara hiyo. Kifo chake kinauma. Zaidi ya hapo, Lance, ndugu yake Victor, anakuwa mshirika wa Tommy, na ukiwa umemfahamu tangu mwaka 1984 utaziona tamaa zake zikimpeleka kwenye usaliti muda mrefu kabla Tommy hajazitambua.

Kutoka Vice City kwenda San Andreas ni miaka sita, na viungo vyake si vingi ila vinafurahisha. Ken Rosenberg, yule wakili mwoga wa Tommy, anaibuka Las Venturas akisimamia kasino ya Caligula's huku akihofia kuuawa na familia za kimafia zinazoigombania, na Kent Paul, mwingine aliyefahamiana na Tommy, naye yupo. San Andreas yenyewe inahitaji uvumilivu, kwa kuwa ni ndefu kuliko zote katika dunia hii na inabeba miji mitatu: Los Santos iliyoigwa kutoka Los Angeles, San Fierro kutoka San Francisco na Las Venturas kutoka Las Vegas. Carl Johnson anarudi mtaani kwao Grove Street baada ya miaka mitano ya kuishi Liberty City kwa sababu mama yake ameuawa. Waandishi walichagua mwaka 1992 kwa makusudi, maana ndio mwaka ambao Los Angeles ya kweli ililipuka kwa ghasia baada ya polisi waliompiga Rodney King kuachiwa na mahakama. Katika gemu, ghasia za Los Santos zinaanza baada ya Frank Tenpenny, polisi mla rushwa anayemtesa CJ tangu siku ya kwanza, kuepuka hukumu. Anayezunguka kwa misimbo tu hafiki huko, na hata usaliti wa Big Smoke, rafiki wa CJ, anausikia kwa wenzake.

Ukiwa San Andreas, fungua macho kwa watu wawili. Wa kwanza ni Catalina, mwanamke mwenye hasira kali anayefanya ujambazi pamoja na CJ huko mashambani kisha akamwacha kwa ajili ya dereva asiyesema neno. Dereva huyo ni Claude, na CJ akimshinda katika mashindano ya magari anakabidhiwa gereji iliyoko San Fierro. Wa pili ni Salvatore Leone, mkuu wa familia ya kimafia ya Liberty City anayetafuta sehemu yake katika kasino ya Caligula's. Andika majina hayo kwenye daftari, kwa sababu gemu mbili kati ya tatu zinazofuata zimejengwa juu yake.

Liberty City Stories inamfuata Toni Cipriani, mmoja wa watu wa Salvatore aliyerudi mjini baada ya kujificha kwa kumuua mwanachama wa familia pinzani. Hapa utayaona mambo ambayo Grand Theft Auto III inayachukulia kama yalivyo, bila maelezo. Eneo la Fort Staunton, ambalo mwaka 2001 ni uwanja wa ujenzi tu, mwaka 1998 ni mtaa wenye watu na nyumba mpaka Toni anapoulipua kwa faida ya Donald Love, tajiri ambaye mchezaji makini amewahi kumwona akiwa bado mwanagenzi katika Vice City ya mwaka 1986. Mama yake Toni, ambaye mwaka 2001 anasikika akimkaripia mwanawe mgahawani, mwaka 1998 anafika hadi kuagiza mwanawe huyo auawe kwa kuona amemtia aibu. Viungo vya namna hii ndivyo vinavyonifanya niamini kwamba waandishi walikusudia gemu hizi zirudiwe kwa mpangilio wa miaka, hata kama zilitoka kwa mpangilio mwingine.

Advance ni ya kifaa cha Game Boy Advance na inatazamwa kutoka juu kama zile za zamani. Usipoipata, songa mbele.

Kisha Grand Theft Auto III. Catalina anampiga Claude risasi baada ya wizi wa benki na kumwacha akidhani amekufa, na yote yanayofuata ni safari ya Claude ya kulipiza kisasi, akipitia kazi za Toni na za Salvatore mwenyewe, ambaye mwisho wake utakuja mkononi mwako. Nikuonye kuhusu jambo moja la kiufundi: ukitoka San Andreas, ambako CJ anaogelea, anaruka ukuta na kuendesha ndege kubwa, utamwona Claude kama mtu aliyefungwa kamba. Hawezi kuogelea, na hakuna pikipiki. Mpe saa chache ukiwa na subira, kwa kuwa hadithi imekwisha kukuandaa kumwelewa mtu huyo kimya kuliko walivyoweza kumwelewa wachezaji wa mwaka 2001.

Kuhusu vifaa, Grand Theft Auto III, Vice City, San Andreas na Liberty City Stories zote zimewahi kutolewa kwa simu, hivyo mtu mwenye simu ya kawaida anaweza kupita sehemu kubwa ya njia hii bila kununua mashine. Kizuizi ni Vice City Stories, iliyotolewa kwa PSP (mashine ya mkononi ya Sony) na PlayStation 2, wala haikutolewa kwa simu. Ukiamua kuichezea kibandani, muulize kwanza mwenye kibanda kama anayo, na uwe na memori kadi yako mwenyewe, kwa sababu kadi ya kibanda hutumiwa na kila mtu na kazi yako itafutwa na mwenzako bila yeye kujua. Hifadhi mchezo baada ya kila misheni unayoimaliza. Umeme ukikatika katikati ya misheni ndefu, utairudia misheni hiyo peke yake, wala si jioni nzima.

Dunia ya tatu inahitaji utaratibu wa aina nyingine, kwa kuwa hadithi zake tatu za kwanza zinatokea kwa wakati mmoja. Grand Theft Auto IV, The Lost and Damned na The Ballad of Gay Tony zote ni za mwaka 2008 katika Liberty City ileile, zikiwafuata Niko Bellic, Johnny Klebitz na Luis Lopez. Wapo wanaojaribu kuzichanganya, yaani misheni chache za Niko kisha chache za Johnny, ili kufuata tarehe kamili. Mimi sishauri hivyo. Maliza ya Niko yote, ufuate ya Johnny, umalizie na ya Luis, maana kila moja inarudi kwenye tukio ulilolijua na kukuonyesha upande uliofichwa. Mfano bora ni biashara ya almasi kwenye jumba la makumbusho. Niko na Johnny wako ndani kuuza, mara risasi zinaanza kumiminika kutoka kwa mtu asiyejulikana, nao wanakimbia kila mmoja kwa njia yake. Ukifika kwenye hadithi ya Luis ndipo unapomkuta mtu huyo, naye ni wewe. Vivyo hivyo wizi wa benki anaoufanya Niko pamoja na Packie McReary: Luis yuko sakafuni miongoni mwa mateka, na gemu yake inaanzia hapo hapo. Hata almasi zenyewe ziliingia mjini kwa meli ya Platypus, meli ileile iliyomleta Niko.

Chinatown Wars ya mwaka 2009, yenye Huang Lee kutoka Hong Kong, inasimama peke yake na inaweza kuchezwa hapo au kuachwa. Baada yake nenda Grand Theft Auto V, ambayo utangulizi wake ni wa mwaka 2004 huko North Yankton na hadithi yenyewe ni ya mwaka 2013. Usithubutu kuifikia kabla ya The Lost and Damned. Trevor Philips, mmoja wa wahusika wakuu, anapotokea kwa mara ya kwanza baada ya utangulizi anamuua Johnny Klebitz kwa ukatili mkubwa, na nimewaona vijana wengi wakicheka mbele ya skrini kwa sababu hawajui aliyekanyagwa ni nani. Aliyewahi kuongoza genge la pikipiki akiwa Johnny hacheki, na kuanzia dakika hiyo anamtazama Trevor kwa namna ambayo waandishi walitaka atazamwe.

GTA Online, inayochezwa na watu wengi mtandaoni, iache mpaka mwisho. Ilipoanza Oktoba 2013, matukio yake yaliwekwa kabla ya hadithi ya Grand Theft Auto V, lakini nyongeza zilizofuata zimekwenda sambamba na miaka yetu, hata ile ya Desemba 2021 inamwonyesha Franklin, mmoja wa wahusika wakuu wa Grand Theft Auto V, akiwa mtu mzima mwenye ofisi yake. Huwezi kuigawa katikati, hivyo ichukulie kama kipindi kirefu kinachoanzia kabla na kuishia baada.

Inayosubiriwa sasa ni ya sita, ambayo tarehe iliyotangazwa mwishoni mwa mwaka 2025 ni 19 Novemba 2026, ikiwa na Lucia na Jason katika jimbo la Leonida. Mji wake mkuu wa hadithi unaitwa Vice City, ila ni Vice City ya dunia ya tatu. Ipange baada ya Grand Theft Auto V, na usimtafute humo Tommy Vercetti wala Victor Vance.