Jinsi ya kuijua mifupa na misuli mikubwa kwa vidole, na kwa nini kigasha (mkono kati ya kiwiko na kifundo) kinahitaji jioni yake

Mwongozo huu ni kwa wanafunzi wa uuguzi, utabibu na tiba ya viungo wanaojiandaa na mtihani wa vitendo, ule ambao msimamizi anakuletea mtu aliyevua shati na kukuambia, "Nionyeshe skapula," yaani mfupa bapa wa nyuma ya bega. Chati ya ukutani haikusaidii hapo. Mimi ni mtaalamu wa tiba ya viungo hapa Dodoma, na nimeuandika baada ya kumpitisha mpwa wangu anayesomea uuguzi kwenye kazi hii, sebuleni kwetu Nkuhungu. Majina alikuwa nayo yote kichwani. Vidole vyake ndivyo vilikuwa havijui pa kwenda.

Mtu mzima ana mifupa 206, na misuli inayoshika mifupa inazidi 600. Usiogope hesabu hiyo. Mifupa 106, yaani zaidi ya nusu, iko kwenye viganja na nyayo pamoja na vifundo vyake. Ukiiweka kando kwanza, mikubwa inayobaki inashikika.

Vifaa

Wanja wa penseli, mafuta ya kupaka na kitambaa cha kufutia, kioo, na mwenzako wa jinsia yako aliyekubali kuguswa. Wanja na si maka peni, kwa sababu utachora na kufuta mara nyingi. Programu za simu zenye mwili unaozunguka sizipendekezi kabisa kwa anayeanza: zinakuonyesha msuli usio na ngozi wala mafuta juu yake, na hakuna mgonjwa anayekuja hivyo. Zifungue mwishoni, kwa kuhakiki tu.

Kama unajifunza asubuhi za Juni au Julai, shika kwanza kikombe cha chai ya moto. Baridi ya Dodoma unaijua, na msuli ukiguswa na vidole baridi unajikaza, basi hutapata kitu.

Hatua ya 1: Mifupa yote kabla ya msuli hata mmoja

Msuli huvuta tu, hausukumi. Ili uelewe unavuta nini kuelekea wapi, lazima ujue ncha zake mbili zimeshika mfupa gani. Kwa hiyo anza na mifupa inayogusika chini ya ngozi: mtulinga kutoka kifuani hadi begani, stenamu katikati ya kifua, ukingo wa skapula unaokatiza mgongoni, pingili ya saba ya shingo inayochomoza ukiinamisha kichwa. Shuka hadi kiunoni, weka viganja juu ya mifupa ya nyonga pande zote mbili. Mstari unaounganisha viganja unapita karibu na pingili ya nne ya kiuno. Kisha pia ya goti, muundi, vifundo vya miguu. Weka alama kwa wanja kila unapofika.

Hatua ya 2: Kichwa na shingo

Uma meno, shika shavu karibu na pembe ya taya: huo ni maseta. Geuza uso kulia, msuli unaojitokeza kushoto kwa shingo ni stenokleidomastoidi. Yatosha.

Hatua ya 3: Bega

Kumbuka jambo moja na mengine yatakaa sawa. Skapula haijaungana na mbavu kwa kiungo chochote cha mfupa. Inaning'inia kwenye misuli, na mfupa pekee unaoifunga na kiwiliwili ni mtulinga. Ndiyo maana kijana akianguka na bodaboda akatua kwa bega, mara nyingi mtulinga ndio unaovunjika, na hasa katikati yake.

Mwambie mwenzako ainue mkono kwa upande huku ukimzuia kidogo: deltoidi inakuwa ngumu juu ya bega. Apandishe mabega: trapezi. Shika ukuta wa mbele wa kwapa, huo ni pektorali kubwa. Ukuta wa nyuma ni latisimusi, ambao ukiufuata unakupeleka hadi chini mgongoni.

Hatua ya 4: Kigasha

Hapa ndipo jioni inapokwenda. Usifungue hatua hii kama umebakiwa na nusu saa.

Vitabu vyote vinamchora mtu aliyesimama viganja vikiangalia mbele. Katika mkao huo, kati ya mifupa miwili ya kigasha, radiasi iko upande wa kidole gumba, ulna upande wa kidole kidogo, na yote miwili imelala sambamba. Mpwa wangu alipata radiasi yake vizuri, akaweka alama, kisha akageuza kiganja chini. "Mjomba, mbona mfupa umehama?" Umehama kweli. Ukigeuza kiganja, radiasi inazunguka na kupita juu ya ulna mpaka inakatizana nayo. Ulna inabaki karibu palepale. Mwanafunzi aliyekariri "radiasi ni ya nje" atakosea mara tu mgonjwa anapoweka mkono mezani.

Bana kiwiko kwenye mbavu, ukikunje nyuzi 90. Usikiachie kikaelea: kikitoka mbavuni, bega ndilo linageuka na wewe utadhani ni kigasha.

Anza na ulna, maana ni rahisi. Ncha ya kiwiko unayoegemea mezani ni ulna. Telezesha kidole kutoka hapo kuelekea upande wa kidole kidogo. Njia nzima ni ngozi na mfupa tu, hadi kile kinundu cha kwenye kifundo kinachoonekana kiganja kikiwa chini. Sasa kichwa cha radiasi. Tafuta kinundu cha humerasi, mfupa wa mkono wa juu, upande wa nje wa kiwiko, shuka kama sentimita 2 kuelekea mkononi, nyuma kidogo, penye kibonde. Bonyeza taratibu huku mwenzako akigeuza kiganja juu na chini. Utahisi mfupa unazunguka chini ya kidole. Usipohisi mzunguko, bado uko kwenye humerasi, shuka tena kidogo. Ukihisi kitu laini kinachotanuka, umekaa juu ya msuli, rudi nyuma. Katikati ya radiasi usihangaike napo, pamefunikwa. Inajitokeza tena karibu na kifundo, pale unapopimia mapigo.

Na wanja: chora baada ya kugeuza mkono, si kabla. Ngozi inateleza juu ya mfupa, kwa hiyo mstari uliochora kiganja kikiwa juu utakudanganya kiganja kikiwa chini. Jambo hili peke yake huwavuruga wengi.

Kichwa hicho cha radiasi kimefungwa na ligamenti (ukanda unaoshikanisha mifupa) inayokizunguka, na kwa watoto wadogo inaweza kukiachia mtoto akivutwa kwa mkono. Waambie wazazi wasimnyanyue mtoto kwa mkono mmoja.

Ukipata mkono wa mbuzi mzima, buchani au mnadani Msalato, uchukue, kwa tahadhari. Ni mzuri sana kukuonyesha kano zinavyoshika mfupa. Lakini radiasi na ulna za mbuzi mkubwa zimeungana, ndiyo maana hawezi kugeuza kwato kama wewe unavyogeuza kiganja. Mbuzi hana mtulinga, ana jozi 13 za mbavu wakati sisi tuna 12, na kile tunachokiita goti lake la mbele kwa kweli ni kifundo cha mkono. Usichukue ramani ya mbuzi ukamwekea binadamu.

Sasa misuli, na mifupa hii miwili itakulipa. Kila mwanafunzi ataniambia bisepsi hukunja kiwiko. Sawa, lakini kano yake ya chini imeshika radiasi, mfupa unaozunguka, kwa hiyo bisepsi pia hugeuza kiganja kuangalia juu, tena kwa nguvu. Kaza skrubu kwa bisibisi mkono wa kulia, kiwiko kimekunjwa, na ushike mkono wa juu kwa kushoto: bisepsi inajaa. Brakialisi, iliyolala chini yake, imeshika ulna isiyozunguka, ndiyo maana inakunja kiwiko kwa namna ileile hata kiganja kikigeukia wapi. Kunja ngumi gumba likiwa juu, kunja kiwiko mtu akikuzuia, na msuli unaotokeza upande wa gumba ni brakioradialisi.

Vidole vyenyewe havina misuli ya kuvikunja. Misuli hiyo iko kigashani na kano ndizo zinazofika huko. Chezesha vidole ushike kigasha, utaiona ikitembea: inayokunja inaanzia kinundu cha ndani cha kiwiko, inayonyoosha inaanzia cha nje.

Hatua ya 5: Nyonga na paja

Fupa la paja ndilo refu kuliko yote mwilini, ila linagusika sehemu chache tu: kinundu cha pembeni ya nyonga na pande mbili za goti. Tako ni msuli mkubwa kuliko mingine yote. Inuka kwenye kiti ukiwa umelishika. Wa pembeni yake, gluteo ya kati, unaupata ukisimama kwa mguu mmoja, na ukiwa dhaifu nyonga ya upande wa pili inashuka. Muuguzi aujue vizuri huu, kwa kuwa sindano ya hapo pembeni iko mbali na neva ya siatiki, ile kubwa inayoshuka mguuni. Mbele ya paja misuli minne, kwadrisepsi. Nyuma mitatu: kunja goti mtu akikuzuia, kano mbili utazishika upande wa ndani, moja upande wa nje.

Hatua ya 6: Chini ya goti

Muundi ni tibia, unaushika mbele bila kutafuta. Kichwa cha fibula, mfupa mwembamba ulio kando ya tibia, kiko upande wa nje chini kidogo ya goti. Usikibonyeze kwa nguvu, neva inapita shingoni mwake na mguu utakufa ganzi. Kwa shavu la mguu, simama kwa vidole goti likiwa limenyooka ili gastroknemiasi ijitokeze, kisha fanya hivyohivyo goti likiwa limekunjwa na solei ndiyo itabeba kazi. Mwisho shika kifundo cha mguu pande zote mbili kwa wakati mmoja, kidole gumba huku na cha pili kule. Kinundu kilichoshuka zaidi, cha nje, ni fibula. Cha ndani ni tibia.