Kukusanya Miles Davis kwa FLAC bila kuuziwa mbuzi kwenye gunia

Juzi nilikaa na mdogo wangu tukipanga mafolda yake ya Miles Davis, yule mpiga tarumbeta wa jazi, kwa FLAC (faili la muziki lililobanwa bila kupoteza sauti), nikaona niandike kabisa maana maswali ni yaleyale. Naanza na albamu yake Kind of Blue, ukiiweza hiyo zingine mteremko.

1. Tafuta CD, hata mtumba poa tu. Mafaili ya kununua siyaamini, nilishauziwa FLAC kumbe ni MP3 imevalishwa koti.

2. Kabla hujalipa angalia ni toleo gani. Hapa ndo penye kazi. Albamu ilirekodiwa New York 1959 kwa siku mbili tu, Machi 2 na Aprili 22. Siku ya kwanza mashine kuu ya tepu ilikuwa inazunguka polepole, sasa tepu ikipigwa kwa spidi sahihi muziki unakimbia na sauti inapanda. Upande A wote, So What, Freddie Freeloader na Blue in Green, ukauzwa hivyo zaidi ya miaka 30 mpaka 1992 walipoenda kuchukua tepu ya mashine ya akiba. Mimi sikujua bwana. Nimekesha na kinanda nafuatisha So What, nabonyeza D haikai, nabonyeza E-flati haikai, nikajua kinanda ndo kimeniaga, nikahangaika na tyuni hadi adhana ya alfajiri. Nikarudisha kila kitu kama kilivyokuwa, nikaweka All Blues ya upande B, ikakaa tuli! Kinanda kizima, CD ndo mbovu.

Kwa hiyo chukua la 1997, namba CK 64935, So What inasoma dakika 9:22. Ukikuta 9:0 na kitu hapo, iache dukani. Na usidanganyike na neno remasta (yaani sauti imesafishwa upya) kwenye kava, zile Columbia Jazz Masterpieces zenye fremu ya bluu zimeandikwa hivyo na kasoro bado imo. Kuivuta spidi mwenyewe kwa programu inawezekana, ila mi naona ni kupaka rangi gari bovu.

3. Ripu, yaani hamishia CD kwenye kompyuta, kwa programu ya EAC, wa Mac tumia XLD. Washa AccurateRip, inalinganisha ripu yako na za watu wengine.

4. FLAC leveli yoyote ya kubana, 0 hadi 8 sauti ni ileile, inabadilika saizi tu.

5. Faili ulilopewa na mtu lipitishe kwanza kwenye Spek, programu inayochora masafa ya sauti. CD halisi hupanda hadi karibu kHz 22, ukiona imekatwa kama kwa panga kwenye 16, hiyo MP3, futa.